Malalamiko Kuhusu Mteremko, Kioo na Mume Mliyenirudishia

Kwa Muuguzi Mkuu,
Wodi ya Majeraha ya Uti wa Mgongo.

Dada yangu mheshimiwa,

YAH: KUKATAA KWA HESHIMA MUME WANGU KUAJIRIWA NA WODI YAKO

Natumaini barua hii inakukuta salama, wewe na wagonjwa wako, na ile feni ya koridoni inayolia kama mbuzi aliyefungwa. Mimi kwa neema ya Mungu sijambo, isipokuwa mgongo, ambao nitaueleza mahali pake.

Uliniandikia kwamba mnataka kumchukua mume wangu, yule fundi wa kuezeka paa ambaye hata ninyi mlishajua anaitwa Mjusi, awe anakuja wodini kuwafundisha wagonjwa wapya maisha ya kiti cha magurudumu. Ukaomba mtu wa nyumbani aandike kama kweli anajiweza. Nimeliweka jambo hili mbele ya Mungu, na baada ya kuliweka nimeona niseme ukweli mtupu. Dada, msimchukue. Mume niliyewaletea, kabla ya kuanguka kutoka kwenye paa la ghala, alikuwa mtu wa kurudi jioni, kunyoosha miguu na kuita maji. Hakujua sufuria zinakaa wapi. Huyo ndiye niliyemzoea. Mliyenirudishia ni mwingine, na malalamiko yangu ni haya:

1. Mteremko. Yule mtaalamu wenu wa mazoezi, tunayemwita Dada Nyoosha kwa kuwa neno lake ni hilo moja, alikuja nyumbani akazitazama ngazi za mlangoni petu, akasema ziondoke, uwekwe mteremko wa saruji. Ukawekwa. Sasa nikuulize, mteremko unachagua wa kumpitisha? Zile ngazi zilikuwa zinanilinda. Mama mkwe wangu, ambaye magoti yake yalikuwa yakigoma ngazi ya kwanza, miaka yote alinisalimia akiwa uani na kugeuza. Siku hizi anaingia kila asubuhi na kufunua sufuria. Muuza mkaa anaingia na mkokoteni wake mpaka sebuleni, ukimuuliza anasema barabara ndiyo imemleta. Watoto wa mtaa wanautelezea kwa makalio tangu wanapotoka shule, na mwamuzi wa mashindano ni mume wangu.

2. Maneno yenu. Siku ya kutoka wodini daktari alisema mbele ya ukoo mzima kwamba mishipa ya fahamu imeumia, na kwamba kuanzia kiunoni kwenda chini mgonjwa hana hisia. Mimi nilielewa, maana wewe ulinichorea uti wa mgongo nyuma ya boksi la glavu, ukaniambia ni kama waya wa umeme uliokatika katikati ya nyumba: taa za juu zinawaka, za chini hazipati moto. Lakini shemeji yangu alisikia "fahamu", mama mkwe akasikia "hana hisia", na kila mmoja akaondoka na lake. Shemeji akaanza kuzungumza nami kwa kumruka kaka yake kichwani. Mjusi amekaa palepale, anapuliza chai, shemeji ananiuliza, "Huyu anatiliwa sukari?" Mume wangu akanigeukia kwa adabu zote: "Mwambie anatiliwa. Halafu muulize yeye, wake waya umekatikia wapi?" Tangu siku hiyo wawili hawa wanasemezana kwa kupitia kwangu, kama wabunge na spika wao, nami nimechoka. Mama mkwe naye ameeneza kwamba mwanawe hana hisia, na ushahidi wake ni kuwa hakulia kwenye msiba wa shangazi. Dada, kwa yule shangazi hata wenye hisia zao zote hawakulia.

3. Hili nililiandika nikalifuta, maana barua yaweza kupita mikononi mwa vijana. Nitasema tu kwamba linahusu lile somo mlilotupa sisi wanandoa, ambalo mimi nilitazama dari mwanzo hadi mwisho, kumbe mwenzangu alikuwa anaandika.

4. Kioo. Mlimpa kioo chenye mpini mrefu ajikague ngozi asubuhi na jioni, asije akapata vidonda vya kukalia, vile ambavyo yeye hawezi kuvisikia vikianza. Kwa hilo sina neno. Mlituonya kwamba kidonda kidogo kikipuuzwa kinaweza kumlaza kitandani miezi, na mwanzoni nilikuwa namkagua mwenyewe kama mtu anayechambua mchele wa harusi. Kisha akaniambia, "Lete, nitajitazama." Akajitazama. Lakini akishamaliza ngozi yake anaanza kukagua nyumba. Kioo kile kinapinda kona. Nikiwa jikoni natangulia kuona mpini, halafu kioo, halafu jicho moja ndani ya kioo, ndipo sauti inakuja kunijulisha kuwa vitunguu vinaungua. Hata dereva wa lori hafuatilii nyuma yake kwa bidii hiyo.

5. Kimo. Aliyekaa huona asivyoona aliyesimama. Amegundua vilivyoko chini ya kitanda, ambavyo niliviweka kwa nia njema, ikiwa ni pamoja na sufuria ya mama mkwe niliyosema imeibwa. (Rudia namba 1 uone kwa nini jambo hili ni zito.) Baada ya hapo akachukua nyundo. Unajua fundi akishika nyundo. Ameshusha rafu zote za jikoni, misumari ya kutundikia nguo, kamba ya kuanikia, na kile kioo cha chumbani, ambacho sasa kinanionyesha kiuno changu peke yake. Nyumba nzima imekaa kitako. Mimi niliyebaki mrefu nainama kutwa, na huo ndio mgongo niliokutajia juu. Yaani aliyeumia ni yeye, anayelia mgongo ni mimi. Nilipomlalamikia alinitazama kwa huruma ya kitaalamu, akasema, "Nyoosha."

6. Ibada. Mpira wa mkojo anajiwekea mwenyewe kwa saa, mikono ikiwa safi, kama mlivyomfundisha. Saa yake ya mkononi ndiyo inayomkumbusha, na haina adabu. Ikilia katikati ya mahubiri, anageuza kiti na kutoka. Waumini wakalichukulia kama ishara, wakaanza kufunga vitabu. Mhubiri wetu ni mtu wa pumzi ndefu, lakini siku hizi anakimbiza neno kama yuko mnadani ili awahi saa ya Mjusi, na wapo wanaomshukuru Mungu kwa sauti. Halafu wale ndugu waliokuwa wakimshika kichwa na kumwamuru asimame, aliwaambia, "Hewala, lakini anzeni na mlango wa choo, haupitishi kiti. Upanueni kwanza, tusimchoshe Mungu na kazi ya seremala." Wakaona haya, wakaupanua. Nami sitakuficha, Dada, hata mimi niliomba asimame. Niliomba mpaka magoti yakaota sugu. Nimejibiwa mtu asiyetulia.

7. Hili ndilo lililonikalisha kuandika. Siku zile za mwanzo aliniita kwa kila kitu: kumgeuza, kumvika, kumpa maji, kumfukuzia nzi. Jina langu lilizunguka nyumba kama kengele ya shule, na nilinung'unika, Mungu anajua. Leo anajigeuza mwenyewe. Anahama kitandani kwenda kitini kwa ule ubao wake wa kutelezea, tena akipiga mluzi. Hata soksi anajivika. Juzi ilipita kutwa nzima hajaniita hata kwa bahati mbaya. Nikaenda jikoni nikajifanya nakata vitunguu. Vitunguu, Dada, vilikuwa vimekwisha.

Mpini ukatokea. Kioo kikatokea. Jicho likatokea, likakaa kidogo, likaondoka. Baadaye akaja mzimamzima, akafunga breki mbele yangu, soksi moja mkononi, akasema, "Mama watoto, hii imenishinda." Haikumshinda. Nilimwona asubuhi ameivaa. Nikapiga goti nikamvika taratibu, mguu usioujua mkono wangu, naye akautazama ule mkono mpaka ukamaliza. Huyo ndiye mliyetutangazia kwamba hana hisia.

Sasa ndipo mnapomtaka. Fikiria nitakavyoachwa: mume yuko kwenu anawafundisha wengine kuvaa soksi, mimi niko hapa na mama mkwe, sufuria yake iliyofufuka, mkokoteni wa mkaa sebuleni, na rafu zilizo usawa wa magoti. Na akishaonja kuitwa "mwalimu", atarudi kweli kuomba soksi kwa mtu kama mimi niliyeishia darasa la saba? Kwa hiyo naomba, kwa unyenyekevu, umwandikie kwamba nafasi imejaa. Ikishindikana, sema hajiwezi. Uongo huo mimi nitautubia kwa niaba yako. Hilo nalo likishindikana, basi nitengeeni kitanda hapo wodini, karibu na feni, kwa ajili ya mgongo wangu.

Nisalimie Dada Nyoosha, na daktari (mwambie achague maneno), na mama wa jikoni aliyekuwa akinifichia uji, na yule kijana wa kitanda cha dirishani aliyekuwa hataki kula wala kusema. Sijui kama ameanza kusema. Mjusi humtaja kila tunapoomba. Mungu awatunze wote, waliosimama na waliokaa.

Ni mimi, kwa utii na kwa kuinama,

Mke wa Mjusi

Nyongeza: Nilipokuwa nailamba bahasha, barua ikiwa bado wazi mezani, nimesikia magurudumu nyuma yangu. Kumbe ameisoma barua yote kwa kioo chake, juu ya bega langu. Maandishi kwenye kioo huja kinyume, naye ameielewa kinyume: anasema tangu azaliwe hajaona barua ya kumwombea mtu kazi iliyoandikwa vizuri hivi, na ananishukuru. Nikamwambia hukusoma sawasawa. Akasema, "Mke wangu, umewaandikia kwamba najikagua, najihamisha, najiwekea mpira, nashusha rafu, na nimemfupisha mhubiri. Wodi itataka nini tena?" Nimechukua kile kioo nikaisoma upya, na naona ni kweli imesema hivyo. Basi ataileta mwenyewe Jumatatu. Shati nimeshalipiga pasi. Aanze na yule kijana wa dirishani. Soksi nitakuwa namvika mimi kabla hajatoka, kwa hilo msimfundishe zaidi ya hapo alipofika, na jioni nirudishieni mapema.

Na lile la tatu nililolifuta, Dada, halikuwa lalamiko.