Jino la Simba wa Mfuko

Jumatatu, 4 Machi
Nimekwisha! Leo nilikuwa nafuta vumbi taya la simba wa mfuko, yule mnyama aliyetoweka zamani, aliyebeba watoto kwenye mfuko wa tumboni. Jino lake kubwa, lile kama kisu, likang'oka. Jasho! Mkurugenzi wa makumbusho hakuona. Wala Miwani, mwenzangu wa ghala. Nikalibandika kwa gundi ya viatu.

Jumanne, 5 Machi
Limekaa kinyume! Nimelivuta, halitoki. Na Alhamisi anakuja Profesa, bingwa wa ukoo wa mnyama huyu. Miwani kauliza mbona sili. Nikasema jino linaniuma. Jino! Kati ya viungo vyote!

Alhamisi, 7 Machi
Profesa kafika. Mama mpole, hapo nikaogopa zaidi. Katueleza kwamba huyu, licha ya jina lake, si ndugu wa simba hata kidogo. Jamaa zake walio hai ni koala na wombati, wanyama wa Australia walao majani. Kisha akashika taya. Akasema jino la namna hii hajawahi kuliona, huenda ni tawi jipya la ukoo. Akauliza nani analitunza. Mkurugenzi akaninyooshea kidole kwa fahari. Nikajibu kwamba nililishuku tangu mwanzo. Nani alinituma?

Ijumaa, 8 Machi
Profesa anataka kuliita tawi hilo kwa jina langu! Miwani akaninong'oneza kwamba taya linanuka kiatu. Nikamwomba anisitiri. Akakataa: wataalamu dunia nzima watapotoka kwa sababu yangu. Nilikuwa nafungua mdomo nikiri, naapa, Profesa akaweka taya chini ya taa ya kupigia picha. Joto. Gundi ikalainika. Chubwi! Jino ndani ya chai yake.

Akalitoa kwa kijiko, akaligeuza, likaingia mahali pake sawasawa. Hakufoka. "Mwanangu," akasema, "miaka thelathini natafuta nani ni ndugu wa nani. Ningezikwa nikiuamini uongo wako."
Nililia mbele ya Miwani.

Jumatatu, 11 Machi
Sikufukuzwa! Nimehamishiwa chumba cha mayai ya ndege. Mkurugenzi kaniagiza niguse kwa macho tu. Nimeapa: uongo basi, maisha yangu yote.

Saa nne. Nimekuta yai moja kubwa, halina kibandiko cha jina. Hakuna anayejua ni la ndege gani. Mwandiko wangu si mbaya, na kalamu ninayo.