Beki wa Klabu Kumi na Nne

Jumapili, 8 Machi 2015. Al-Suwaidi, Riyadh.

Nimempata!

Miaka sita nimeendesha gari la watu hapa Riyadh. Miaka hiyohiyo sita Rael, mke wangu, amelea watoto wa watu kule Jeddah, mtaa wa Al-Hindawiyah. Kilomita mia tisa na hamsini kati ya mume na mke. Tunaonana mara mbili kwa mwaka, kama mitihani. Imetosha.

Hali ni hii. Abu Rayan, mfanyabiashara wa Jeddah, anadhamini kombe la wafanyakazi wa Kenya. Fainali ni Ijumaa ya tarehe 20: Chui wa Suwaidi, ambao mimi ni meneja wao, dhidi ya Simba wa Bani Malik, timu ya Onesmus, meneja wa huko Jeddah. Abu Rayan ametangaza kwamba meneja atakayeshinda atakuwa msimamizi wa bweni la wafanyakazi wake huko Jeddah. Kama meneja huyo ana kafili mwingine, yaani mwajiri anayemdhamini nchini, atamfanyia nakal, yaani atamhamishia kwake kwa karatasi halali. Nakal! Kuna watu wameiomba miaka kumi bila kuipata. Nikiipata mimi, nitakuwa mji mmoja na mke wangu.

Sijamwambia Rael. Atashtukia furaha.

Tatizo ni ulinzi. Beki wetu wa kati ni Wafula, dereva wa lori la maji, mtu wa nguvu nyingi na ulimi mwingi zaidi. Katika nusu fainali aliruhusu mabao matatu huku akimsimulia mshambuliaji wao habari za Bungoma.

Leo asubuhi niliwapeleka watoto wa baba, bosi wangu, shuleni. Yule mdogo akaniambia kwamba mwalimu wao wa michezo, Bwana Ackroyd, alikuwa beki wa kulipwa kwao Uingereza. Amechezea klabu kumi na nne!

Nilizima injini nikatafakari. Sijawahi kukutana na mtu aliyepata nakal mara mbili. Kafili hamwachii mtu ovyo, na kafili mwingine hamchukui mtu ovyo. Huyu amehamishwa mara kumi na tatu! Ni lulu ya namna gani hii?

Jumanne, 10 Machi.

Nimezungumza naye kwenye lango la shule. Miaka arobaini na mmoja. Shingo nyekundu. Goti la kushoto limefungwa bandeji. Nilimuuliza kuhusu klabu zake. Akasema hakuna hata moja iliyomwongezea mkataba. Nane kati ya hizo zilishuka daraja yeye akiwa uwanjani. Akasema pia kwamba kwa miaka kumi na tisa hajawahi kushika kombe lolote, na kwamba hata mbio za gunia za walimu hapo shuleni alishindwa.

Unyenyekevu ulioje! Watu wakubwa hujishusha hivyo.

Amekubali kucheza. Aliuliza tu kama jezi itakuwa na jina lake. Kanuni za kombe, nilizoziandika mimi mwenyewe, zinadai ikama halali, kile kibali cha kuishi nchini. Hazidai Ukenya. Niliona mbali.

Jioni Rael alipiga simu. Kuna jambo kuhusu baba wa nyumba yao. Nilimwambia mambo ya nyumba za watu yatasubiri hadi baada ya fainali. Akasema, Absalom, nisikilize kwanza. Nikamwambia simu inazimika. Haikuwa inazimika.

Ijumaa, 13 Machi.

Mazoezi. Nimemwambia Wafula kwamba fainali ataanza akiwa amekaa. Alinitazama kama mtu aliyenyang'anywa sahani akiwa bado anatafuna. Kisha akauliza mbele ya wote, "Yaani Mwalimu, unaniweka kando juu ya huyu babu wa goti moja?" Wananiita Mwalimu kwa sababu nilifundisha Machakos miaka thelathini na mmoja. Hawaniiti hivyo kwa heshima ipasayo.

Wachezaji walicheka. Niliwaeleza habari ya kuhamishwa mara kumi na tatu. Kicheko kikakatika. Allan, mlinda mlango, akapiga mluzi. Alisema shangazi yake kule Dammam anangoja nakal moja tu tangu akiwa na meno yote. Wakamsogelea Bwana Ackroyd na kumshika mkono mmoja mmoja.

Wafula peke yake akauliza kama hao makafili walipeana huyu mzee kwa sababu walimpenda ama kwa sababu walichoka naye. Swali la kitoto. Nimelipuuza.

Bwana Ackroyd aliteleza mara mbili na kumpiga mwamuzi teke. Ni vumbi.

Jumatatu, 16 Machi.

Siku ya hatari. Nimeiweza.

Mpango: baba asaini barua ya kuniachilia mapema, na Abu Rayan akae nayo. Tukishinda, ataipeleka ofisini. Tukishindwa, ataichana, nami nitabaki hapa na usukani wangu. Kwa nini mapema? Kwa sababu nia ya baba hufuata jino lake. Likiuma, hakubali lolote. Leo lilikuwa limetulia.

Nilimpelekea kahawa, nikaeleza kwa Kiarabu changu chote. Madam akapaza sauti kutoka chumba cha pili: dereva mafi, hakuna dereva, nani atampeleka kwa dada yake? Baba alijigusa shavu. Kisha akasema madereva wako wengi, akasaini, akagonga muhuri. Halas, imekwisha!

Barua imeondoka na basi la jioni kwenda Jeddah. Kwa heshima nimewaandikia wote wawili kwamba sitabadili neno langu hata iweje. Mtu makini huwafungia wengine mlango wa kubadili nia.

Rael alipiga wakati nangojea muhuri ukauke. Sikupokea. Alituma ujumbe: Nipigie, ni muhimu. Kila mtu ana muhimu yake.

Alhamisi, 19 Machi. Kituo cha mafuta, njiani.

Basi dogo, watu kumi na wanne, barua za ruhusa kutoka kwa makafili wote. Nilizikagua mara tatu.

Kwenye kizuizi askari alitaka ikama. Kila mtu akatoa yake. Bwana Ackroyd alijipapasa mifuko. Hakuna. Alipapasa begi. Hakuna. Askari akamwamuru dereva aegeshe pembeni. Wafula akaanza kunipa pole, bila kuulizwa, kwa sauti ya matangani. Nilimwona Rael akitokomea, kilomita moja baada ya nyingine.

Ikama ilipatikana ndani ya bandeji ya goti. Huiweka humo, alisema, kwa sababu katika klabu ya tisa waliibiwa vyumbani. Askari aliishika kwa ncha za vidole. Yalla, nendeni.

Rael amepiga mara ya tatu. Kelele za basi zilikuwa nyingi. Nilimwambia aombe ruhusa aje uwanjani kesho, atajionea. Akasema atakuja, na kwamba safari hii nitasikia nipende nisipende.

Ijumaa, 20 Machi. Jeddah.



Asubuhi tulizunguka Makka kwa barabara ya wasio Waislamu, na wachezaji wetu Waislamu wakatulaumu sisi Wakristo kwa kila kona iliyoongezeka. Baada ya sala ya alasiri tulifika uwanjani, nyuma ya maghala. Abu Rayan alikuwa amekaa kwenye kiti cha plastiki. Mfuko wa kifuani wa kanzu yake ulionyesha pembe ya karatasi. Barua yangu! Sikuweza kutazama kitu kingine.

Dakika ya nane: krosi ya kawaida. Bwana Ackroyd akanyoosha mguu, akafunga. Langoni mwetu.

Onesmus aliruka mpaka kofia ikamdondoka. Akapaza sauti kuuliza kama yule ni beki ama mlingoti, na kama ni mlingoti, bendera iko wapi? Wafula, akiwa amekaa, alicheka kuliko Bani Malik wote. Tukaenda mapumziko tumefungwa moja bila. Nilikuwa nimelowa jasho hadi soksi.

Gari jeupe lilikuwa limeegeshwa pembeni. Rael alikuwa kiti cha nyuma, dereva wa nyumba yao mbele. Alishusha kioo kiasi cha uso. Miezi saba sijauona uso huo. Sikupewa nafasi ya kusalimu.

Alisema amenipigia mara tatu. Alisema baba wa nyumba yao amepandishwa cheo. Alisema familia nzima inahamia Riyadh mwisho wa mwezi wa nne, naye pamoja nao. Al-Suwaidi. Nyumba imeshapatikana, mkabala na duka la mikate lenye mlango wa kijani.

Mlango huo nauona kutoka dirisha langu!

Nilishika paa la gari. Nikamweleza yote: kombe, barua, mfuko wa Abu Rayan. Dereva wao alizima redio ili asikie vizuri. Rael hakupiga kelele. Alisema polepole, "Baba Peris, kuna kazi moja unaijua vizuri kuliko wote. Rudi pale ushindwe."

Nilirudi mbio. Tulikuwa tumefungwa tayari. Kilichohitajika ni kutulia tu.

Nilimwambia Bwana Ackroyd asijichoshe nyuma. Aende akasimame mbele kabisa, apunge hewa. Ulinzi ukabaki wazi kama uwanja wa ndege. Safi! Dakika ya sitini tukapata kona. Mpira ulimgonga kisogoni, ukaingia. Sasa ni bao moja kwa moja. Aliniambia baadaye kwamba ni bao lake la kwanza tangu klabu ya tano, nami ndiye kocha wa kwanza kumwamini.

Nilimwendea Onesmus. Nikamnong'oneza, kwa faida yake, kwamba goti la kushoto la yule mzungu ni bovu, washambulie huko. Onesmus akacheka hadi akakohoa. Alisema tangu mwaka juzi nilipowaambia mechi imehamishiwa uwanja mwingine, yeye hufanya kinyume cha kila ninachosema. Akawapeleka vijana wake wote kulia. Na kulia ndiko Bwana Ackroyd alikokuwa amerudi kusimama. Alizuia kwa kifua, kwa tumbo, kwa paji la uso. Watu walianza kumwimba.

Dakika ya themanini nilimwita Wafula aingie badala yake. Wafula alikuwa amevua viatu, anakunywa laban, maziwa yao ya mgando. Akapangusa mdomo. "Mwalimu, uliniambia nikae. Si nimekaa?"

Nilimsihi. Nilimwita ndugu yangu. Akasema undugu huo umechelewa, aliutafuta Ijumaa iliyopita hakuuona.

Dakika ya mwisho, penalti. Yetu. Nilipiga kelele kwamba apige Allan, ambaye hajawahi kupiga mpira ukaenda anakotazama. Wachezaji walidhani nawatania ili kuwatoa hofu. Wakampa Bwana Ackroyd mpira. Abu Rayan akauweka mkono kifuani, juu ya barua. Nilifumba jicho moja.

Akakimbia. Akateleza! Nilinyanyua mikono kumshukuru Mungu. Mlinda mlango wao alikuwa ameshajirusha upande mwingine, na mpira, uliogongwa na goti bovu, ukajikokota taratibu, ukapita mstari, ukasimama palepale kama umechoka.

Mbili moja.

Walinibeba juu. Kutoka huko juu niliona kioo cha gari jeupe kikipanda.

Bwana Ackroyd alilia kama mtoto na kukataa kuachia kombe, hata Abu Rayan alipolihitaji kwa ajili ya picha. Nilimwambia Abu Rayan kwamba labda Onesmus, ambaye tayari yuko Jeddah, anafaa zaidi. Alitoa karatasi ya pili mfukoni. Ilikuwa yangu: sitabadili neno langu hata iweje. Akasema anapenda watu wa msimamo.

Jumapili, 22 Machi. Riyadh.

Nimemwomba baba abatilishe. Jino linamuuma. Dereva mpya ameshafika, anaitwa Josphat, na funguo anazo yeye. Madam anasema anaendesha vizuri kuliko mimi.

Jumamosi, 2 Mei. Jeddah, bweni la Abu Rayan.

Rael amehamia Al-Suwaidi wiki iliyopita. Anasema mkate wa duka la mlango wa kijani ni mzuri sana. Josphat humsalimu kila asubuhi. Kilomita ni zilezile mia tisa na hamsini, ila sasa zinasomwa kutoka upande wa pili.

Lakini sijalala. Nimepata habari kwamba mfanyabiashara mmoja wa Riyadh anaandaa kombe lake, na meneja mshindi atafanyiwa nakal kwenda huko. Timu ya bweni letu ni dhaifu langoni. Lakini jana, kwenye duka la dawa, nilikutana na Mskoti anayefundisha kuogelea. Alikuwa mlinda mlango. Miaka arobaini na sita, bega moja haliinuki. Klabu ishirini na moja!

Nimeshamwandikia Abu Rayan barua ya kuniachilia ili aisaini mapema. Leo jino lake ni zima.

Rael alipiga simu wakati naandika haya. Kuna jambo kuhusu baba wa nyumba yao, na ofisi yake ya zamani ya Jeddah. Nimemwambia lisubiri hadi baada ya fainali.