Ukuta wa Shemeji na Shauri Lenye Sifa

Jumatatu, 3 Machi
Barua ya mahakama! Nimeisoma palepale ninapotengenezea saa, yaani gizani, kwa kuwa Shemeji, kaka wa mke wangu, alijenga ukuta mbele ya dirisha langu. Siku hizi skrubu nazitafuta kwa kupapasa. Ukuta usipobomolewa, karakana naifunga.

Nimesoma mara mbili: nifike Jumatatu ijayo, nitoe sababu kwa nini shauri langu lisifiwe. Lisifiwe! Mke wangu kaomba aisome, tena na miwani yangu mkononi. Nimekataa katakata. Yeye ni dada wa mdaiwa, haki haiendi hivyo. Na miwani ni ya wazee.

Jumanne, 4 Machi
Mbinu imejibu! Miaka miwili sijakanyaga mahakamani. Shemeji kahudhuria kila tarehe, kakaa kwenye benchi, karudi mikono mitupu. Nilikuwa namchosha. Hakimu, mtu mwenye akili zake, kaliona hilo.

Nimeandika hotuba. Kurasa sita.

Ijumaa, 7 Machi
Shemeji kauliza kama nimejiandaa. Nikamwambia afanye mazoezi ya kupiga makofi. Kacheka hadi kauegemea ukuta wake. Maskini! Mke wangu kasisitiza nibebe miwani. Nitavaa tai.

Jumatatu, 10 Machi
Hakimu alitaka sababu. Nikaanza ukurasa wa kwanza: shauri langu ni pole, lina adabu, halijamsumbua mtu tangu nilifungue. Karani akainamia daftari, mabega yanamtikisika. Hakimu akauliza mara ya mwisho nilifika lini. Siku ya kulifungua, nikasema, kifua mbele.

Akaniambia niisome barua kwa sauti. Nikaisoma. Akaichukua, akanisomea yeye: lisifutwe. Kumbe nilitakiwa kueleza kwa nini nimelitelekeza, ili wasilitupe! Na mimi nimejisifu ukurasa mzima kwa kulitelekeza.

Limefutwa. Shemeji kapiga makofi, mazoezi yamemsaidia. Imeniuma sana. Nimerudi karakanani na kushindwa kuiona hata mishale ya saa ya mke wangu, aliyoniachia niitengeneze tangu mwaka jana. Nimeona aibu.

Jumatano, 12 Machi
Nimelala, nimeamka, nimeelewa. Kufutwa! Kioo cha saa nikikifuta, si ndipo kinang'aa? Shauri limesafishwa tu!

Asubuhi nimefungua jipya: ukuta uleule, shemeji yuleyule. Karani kanipa karatasi ya tarehe, kanisihi nisikose. Nyumbani mke wangu kataka anisomee. Nikamkumbusha yeye ni dada wa nani. Nimejisomea mwenyewe dirishani: tarehe 13. Au 18. Inaweza kuwa 16.

Haidhuru, siendi. Safari hii Shemeji atachoka kwelikweli.