Anatafutwa Mkata Majani, Awe Mkweli

Tangazo liliingia kwenye grupu la WhatsApp la parokia saa moja na dakika kumi asubuhi, siku ya Ijumaa. Ilipofika saa moja na robo lilikuwa limeshatua kijiweni kwetu, mbele ya kibanda cha kahawa cha Mama Domina, barabara ya kwenda Mshangano. Aliyelileta ni Tadei, muuza nyama, ambaye hapa tunamwita Kilo Pungufu. Jina hilo hajawahi kulipinga, maana kulipinga kungeleta mjadala wa mizani.

Kulikuwa na manyunyu na baridi, kila mtu kajikunyata ndani ya sweta lake. Kilo Pungufu aliisogeza simu mbali na macho kama mtu anayesoma bango la barabarani.

"Sikilizeni. 'Nyumba ya masista inatafuta mtu wa kukata majani. Awe na uzoefu wa mashine ya kukatia majani. Awe na afya njema. Awe mkweli.' Basi, limeishia hapo."

Wote tuligeukia mwisho wa benchi, alikokaa Eusebi.

Eusebi ndiye mkata majani wa masista. Ana miaka kumi na moja kwenye kazi hiyo, na jina lake la kijiweni ni Kapeti, kwa jinsi anavyoiacha ile bustani yao. Kahawa yake ilikuwa imejaa mpaka ukingoni na haikuwa inatoa moshi tena.

"Awe mkweli," alirudia Majidi taratibu. Majidi ni mtu wa Tunduru, alikuwa dalali wa mawe ya vito, sasa amebaki na lenzi moja mfukoni na jina la Karati. "Hilo la mwisho wamemlenga mtu."

"Wamenilenga mimi," alisema Eusebi. "Asanteni kwa kunijulisha."

"Kwani hujaambiwa?"

"Jana Sista Lidwina aliniambia nikapumzike. Nikadhani napumzika kweli."

Mama Domina aliimwaga ile kahawa ya baridi kwenye majivu akampa nyingine. Yeye Jumatano alikuwepo.

Mimi naitwa Katibu. Kazi yangu hapa ni kusikiliza na kukumbuka, sichangii mada. Kwa hiyo Jumatano naikumbuka vizuri. Eusebi alipita hapa na kisu cha mashine kakifunga kwenye gunia. Kisu chenyewe ni bamba la chuma refu kama mkono, lenye makali kwenye ncha zake mbili tu. Jumamosi manovisi wanne, yaani masista wanafunzi, wanafunga nadhiri, wageni watakaa kwenye majani, kwa hiyo Sista Lidwina, sista mkuu, alimwagiza akakinoe nyumbani kwake, peke yake, asimpe mtu. Eusebi alisimama kupata kikombe kimoja tu. Kosa lake ni kwamba tupa alikuwa nayo mkononi.

"Tuwe wakweli sisi wenyewe kwanza," alisema Hironimus, mkulima wa tumbaku wa kule Namtumbo, tunayemwita Mnada kwa sababu kila mwaka anakuja mjini kusubiri mnada na akishauza bado anasubiri. "Kile kisu kilinolewa au hakikunolewa?"

"Kilinolewa mno," Eusebi alisema. "Niliwaambia. Kisu cha mashine hakinolewi kama panga. Makali yake yanaachwa manene, kama kisu cha kupakia siagi. Kinachokata pale ni ile kasi."

"Hapo ndipo ulipotukosea sasa," alisema Mnada. "Mtu unaweka chuma na tupa mbele ya wanaume wazima, halafu unatuambia tusikinoe sana! Mimi nimenoa majembe tangu sijaota ndevu. Hakuna jembe lililowahi kunilalamikia."

"Siagi," alisema Kilo Pungufu, akatikisa kichwa. "Mimi nikisikia kisu na siagi katika sentensi moja, najua huyu hajawahi kuchuna mbuzi."

"Majani siyo mbuzi, kaka."

"Yote yana nyuzinyuzi."

"Mimi kwa upande wangu," alisema Karati, "sikunoa. Mimi nilisugua tu. Chuma kilikuwa na mikwaruzo, kwenye lenzi inaonekana kama barabara ya Tunduru enzi zile. Nikapitisha msasa namba ya mwisho. Mtu akikuta kitu kinang'aa anasema kimenolewa, hiyo siyo juu yangu."

"Ncha uliyonoa wewe iliisha upana wa vidole viwili," Eusebi alimwambia Kilo Pungufu. "Nilikining'iniza kwenye msumari wa mlango wa Mama Domina, mkaona kinaelemea upande mmoja."

"Tulikubaliana ule msumari umepinda."

"Mlikubaliana nyinyi."

"Tulipiga kura," alisema Mnada. "Katibu yupo hapa, anakumbuka."

Nilikumbuka. Kura tatu kwa moja, mimi sikupiga.

"Haya, ukakifunga, ukakata," alisema Karati. "Kilikata au hakikukata?"

Eusebi alifikiri. Hata katika hali ile nilimwona kuna kitu kinamgusa. "Kilikata," alisema. "Mizunguko mitatu ya kwanza sijawahi kuona. Majani yanalala bila hata sauti. Masista walitoka wakasimama barazani."

"Umesikia?" alisema Kilo Pungufu. "Barazani."

"Mzunguko wa nne kikakutana na kokwa la embe."

Kilo Pungufu alirudi kuangalia simu yake.

"Makali yakajikunja kama bati la kopo la dagaa, yalikuwa membamba mno. Mashine ikatetemeka, kipande kikachomoka kikapita juu, kikakata kamba ya nguo. Zile nguo nyeupe za manovisi zilikuwa zimeanikwa pale. Zote nne zikaangukia kwenye udongo."

"Udongo wa wapi?" aliuliza Mnada.

"Wa Songea, mzee wangu. Kuna mwingine?"

Tuliutazama udongo chini ya benchi. Ulikuwa mwekundu kama siku zote.

"Sista aliniuliza ni nani kakinoa," Eusebi aliendelea. "Nikasema mimi mwenyewe, nyumbani. Akaniuliza mara ya pili. Nikasema mimi mwenyewe, nyumbani. Akaniambia basi nikapumzike."

Sasa hapo, msomaji, palikuwa na nafasi nzuri ya mtu mmoja kusimama na kusema, ngoja niende nikamweleze Sista. Nafasi ilikaa pale kama dakika nzima. Kilo Pungufu alifunga simu. Karati alipangusa lenzi. Mnada aliuliza kama maharage yamepanda bei. Nami niliona aibu, nasema kweli, lakini niliiona kimyakimya.

"Ulifanya kiume," alisema Karati hatimaye. "Hukututaja. Mungu atakulipa."

"Mungu atanilipa. Na masista je? Monika anajua tangu jana nimepumzishwa, hajaniuliza kitu. Anapika tu. Mke akipika bila kuuliza ujue amekwishapiga hesabu zake."

Pikapu nyeupe ilipunguza mwendo ikaegeshwa ubavuni mwa kibanda. Mlangoni akashuka Sista Lidwina mwenyewe, mama wa miaka sabini hivi, mfupi, ana gambuti miguuni na miwani iliyofungwa kamba.

"Tumsifu Yesu Kristo."

"Milele amina," tuliitikia. Aliyewahi kuliko wote ni Majidi, ambaye ni Mwislamu.

"Shikamoo, Sista."

"Marahaba. Msisimame, kaeni." Alifungua gazeti alilobeba kwapani akaweka juu ya benchi kile kisu. Ncha moja ilikuwa imekunjika, nyingine inang'aa kama kioo. "Nani kati yenu anakifahamu hiki?"

Karati alitoa lenzi, akakiangalia kwa utulivu kama mzigo mgeni. "Ni chuma," alisema.

"Mimi nashughulika na nyama tu, Sista," alisema Kilo Pungufu.

"Mimi siyo mwenyeji," alisema Mnada. "Nasubiri mnada."

Sista alimgeukia Eusebi. "Nakuuliza mara ya tatu. Nani alinoa?"

Eusebi aliinuka, akavua kofia. "Mimi mwenyewe, Sista. Nyumbani."

Nilitamani ardhi ipasuke. Ilikuwa mbichi vya kutosha lakini haikupasuka.

"Mimi nimezaliwa Namtumbo," alisema Sista Lidwina, akivuta kigoda cha Mama Domina na kukaa. "Baba yangu alikuwa mkulima wa tumbaku. Alikuwa akinoa panga, haridhiki mpaka alijaribu mkononi, hapa, linyoe vinyweleo. Kila mwanamume ninayemjua anafanya hivyo. Sasa hiki kisu kimenolewa mpaka kimekuwa wembe. Aliyekifikisha hapo lazima alijaribu. Jana Eusebi kaja kwangu na shati la mikono mifupi. Mikono yake ina vinyweleo vyote."

Alitutazama mmoja mmoja, bila haraka.

"Kunja mkono wa sweta, wa kushoto," alimwambia Kilo Pungufu.

"Sista, kuna baridi."

"Naona. Kunja."

Kilo Pungufu akakunja. Katikati ya ule mkono wenye manyoya palikuwa na uwanja mtupu, laini, mkubwa kama kiberiti.

"Wewe."

Karati alikuwa na viwanja viwili. "Cha pili nilikuwa nahakiki," alisema.

Mnada alipandisha mkono wa sweta lake taratibu, ikaonekana hana unyweleo hata mmoja kuanzia kifundo hadi kiwiko. Alikuwa amependezwa na kazi yake. Mama Domina alijishika mdomo akaingia ndani ya kibanda, tukasikia sufuria zinacheka.

"Leo Ijumaa, Sista," Karati aliwahi. "Mimi nina swala."

"Swala ni saa saba. Sasa hivi saa mbili. Nitakurudisha mwenyewe mpaka mlangoni." Kisha akamgeukia Eusebi, na sauti ikashuka. "Na wewe umenidanganya mara tatu."

"Ndiyo, Sista."

"Utaenda kuungama."

"Ndiyo, Sista."

"Nguo nimezifua mwenyewe usiku kucha, zimetakata. Lile tangazo nitalifuta. Kisu kipya kinakuja na basi la kesho jioni, na misa ni kesho asubuhi, kwa hiyo majani yatakatwa leo, kwa mikono ya walioharibu. Wewe usiguse kitu. Utasimamia. Panda mbele."

Eusebi alivaa kofia. Akajifuta uso kwa kiganja kana kwamba ni manyunyu. Alipanda mbele, akatoa tupa yake mfukoni akaiweka kwenye dashibodi.

Mimi nilikuwa nimeshaokota mwavuli wangu, natafuta upande wa kuelekea.

"Na huyu?" aliuliza Sista.

"Huyo Katibu," alisema Kilo Pungufu kwa furaha ambayo sitaisahau. "Yeye hachangii."

"Sweta."

Nilimwambia nina dalili za homa. Akanisubiri. Nikakunja. Kilikuwa kijiuwanja kidogo tu, nyie, karibu na saa, nilitaka tu kuwa na uhakika wa kile nitakachokuja kusimulia.

Nyuma ya pikapu palikuwa na mafyekeo. Niliyahesabu mara mbili. Yalikuwa manne, na Sista alikuwa ameyapakia kabla hajaona mkono wa mtu yeyote.

Gari liliondoka, tumechuchumaa nyuma, manyunyu yanatupiga usoni. Kilo Pungufu alipitisha kidole gumba kwenye fyekeo lake, akakunja uso.

"Butu," alisema. "Hili halikati hata uji. Kapeti! Hebu tupitishie hiyo tupa, hapo mbele."

Eusebi hakugeuka. Aliichukua tupa kwenye dashibodi, akaikalia.