Mkono wa Mama Mkwe na Ng'ombe Wangu

Jumatatu, 6 Mei
Siku mbaya. Nimegonga nguzo ya taa. Mimi, mwalimu wa udereva, miaka kumi na sita bila mkwaruzo. Nilikuwa nampeleka mama mkwe kukabidhi sare za shule alizoshona. Pale njia panda nikamwona mwalimu mwenzangu, tunayemwita Indiketa kwa sababu huiwasha hata anapoingia uani kwake. Amekwama katikati ya barabara na mwanafunzi wake, gari limezima, watu wanawapigia honi. Nikageuza shingo kidogo nifaidi. Nguzo ikafika.

Mimi mzima. Mama mkwe alijikinga kwa mkono wa kulia, kifundo kimevunjika. Plasta wiki sita. Hakunilaumu. Alisema tu kwamba nguzo alikuwa ameiona tangu mbali, ila hakutaka kuniingilia kazini.

Jumatano, 8 Mei
Kumbe bima ya gari langu humlipa fidia abiria aliyeumia. Mke wangu ameleta fomu ya madai. Mama yake ni fundi cherehani, mkono ule ndio kazi yake. Wameshajaza kila kitu. Umebaki ukurasa wa dereva: eleza ajali ilivyotokea.

Hapo ndipo penye shida. Mwisho wa mwezi mwenye shule yetu ya udereva atateua mwalimu mkuu. Ni mimi au Indiketa. Nitaandikaje kwamba niligonga nguzo nikimcheka mshindani wangu? Nimewaza kutwa nzima, chai mbili zimepoa. Mwishowe nikaandika ng'ombe. Ng'ombe alikatiza ghafla, nikamkwepa kwa ustadi. Neno ustadi nimelipigia mstari.

Ijumaa, 10 Mei
Afisa wa madai kutoka bima amekuja nyumbani. Mama mpole, miwani, kalamu mbili. Aliuliza ng'ombe alikuwa wa rangi gani. Kahawia, nikasema. Akauliza alielekea wapi. Mbele. Akaandika "mbele", akanitazama, akaongeza nukta.

Kisha akamuuliza mama mkwe kama naye alimwona. Mama mkwe akajibu kwamba hawezi kumsemea ng'ombe, kwani wakati huo alikuwa ameshafumba macho, maana nguzo ilikuwa imekaribia sana. Nilidhani amenisaidia. Mke wangu anasema nifikiri tena.

Jumanne, 14 Mei
Afisa yule amekwenda mpaka njia panda. Nani humtuma mtu wa bima kutembea? Pale kuna fundi viatu aliyekaa hatua tatu kutoka kwenye nguzo kwa miaka tisa. Hajawahi kuona ng'ombe. Alichoona siku ile ni mwanamume akicheka peke yake kwenye usukani. Madai yamesimamishwa hadi nisahihishe maelezo yangu.

Nimepata wazo: ndama. Ni mdogo, fundi viatu angeweza asimwone. Nilimweleza mke wangu. Akaenda kumfunga mama yake vifungo vya gauni.

Alhamisi, 16 Mei
Wateja wawili wamekuja kuchukua vitambaa vyao wapeleke kwa fundi mwingine. Mama mkwe aliwakunjia kwa mkono mmoja, pembe juu ya pembe, akawatakia heri. Mimi nilijifanya natafuta ufunguo. Nilikuwa nimeushika.

Baada ya chakula akaniita mezani. Fomu mpya ilikuwa mbele yake.

"Baba," akasema, "mimi sidai ng'ombe. Nadai mkono."

Nikakaa. Nikaandika yote: njia panda, shingo, kicheko. Nilipomaliza nikasema sentensi ya kicheko imeniuma kuliko mfupa uliovunjika. Mama mkwe akasema hapana, haiwezi.

Ijumaa, 24 Mei
Afisa amefika shuleni kumhoji Indiketa kama shahidi. Mwenye shule akavuta kiti, akaomba asomewe maelezo yangu. Yakasomwa kwa sauti. Wanafunzi wanne walikuwa dirishani.

Indiketa akaulizwa aliona nini. Akasema hakuona chochote, macho yake yalikuwa kwa mwanafunzi wake. Ujanja mtupu, na hata hakujua ni ujanja. Mwenye shule akaitikia kwa kichwa polepole, akasema hilo ndilo jibu la mwalimu mkuu. Basi imekwisha. Kuanzia Jumatatu mimi nafundisha alama za barabarani, ubaoni, kwa chaki. Indiketa alikuja kunipa pole. Nilimwambia afya yangu ilikuwa inahitaji kazi ya kivulini.

Jumatatu, 1 Julai
Plasta imetoka wiki mbili sasa, na fidia imelipwa yote. Mama mkwe amerudi kwenye cherehani yake, wale wateja wawili wamerudi na vitambaa. Nyumbani kicheko kimerudi, mara nyingi juu yangu.

Leo ametangaza jambo. Kwa sehemu ya fidia amejilipia masomo ya udereva, shuleni kwetu. Anasema amechoka kufumba macho. Nilifurahi, nikamwambia arudishiwe pesa zake, nitamfundisha mwenyewe bure. Akanishika bega kwa mkono uliopona, akasema asante sana, baba, lakini mwalimu ameshapata. Indiketa. Wanaanza kesho saa nne.

Sina kinyongo. Lakini huyu ni mama wa mke wangu, na lazima mtu mwenye uzoefu awaangalie. Yule bwana akikosea hata kidogo, mwenye shule atajua siku hiyohiyo. Wanafunzi wangu nitawaachia zoezi la kuchora alama. Mimi nitawafuata hao wawili kwa gari langu, nyuma yao kabisa, daftari juu ya usukani, niandike kila kosa lake.