Kaloleni Ile Nyingine

Jumatatu, tarehe 3 Machi

Siku kubwa! Tangazo jipya kwenye ukuta wa ukumbi wetu hapa Kaloleni, Nairobi. Shirika la vitabu linaloitwa Ukingo linatafuta mchoraji mmoja wa kupeleka Kilifi siku kumi. Nauli juu yao, malazi juu yao, rangi juu yao. Kazi ni kuzurura ufukweni, kuchora na kuandika unachokiona, kisha vyote vitoke kitabuni. Nambari ya simu hapo hapo juu. Nikainakili mkononi. Sikusoma zaidi. Machozi yalinilengalenga, halafu nikamwona Mureithi anakuja.

Mureithi ni jirani yangu. Sote wawili tunachora mabango ya maduka. Ng'ombe wake wa bucha, watoto huuliza kama ni mbwa. Mtu kama huyo aione bahari kabla yangu? Thubutu! Kwapani nilikuwa na bango la harambee ya kanisa, na gundi mfukoni. Nikalibandika juu ya tangazo, pwaa! Likafunika kila kitu. Mureithi akapita, akaniuliza niaje. Nikamwambia poa sana. Maskini, hajui kitu.

Nina miaka arobaini na minane na sijawahi kuiona bahari. Siri hiyo naiandika hapa tu.

Jumatano, tarehe 5 Machi

Fomu imefika kwenye simu ya binti yetu, Clare. Kabla ya kuijaza nilitoa kitabu cha baba nipate nguvu.

Baba alikuwa gadi wa treni ya Mombasa. Alienda huko kila wiki na hakuwahi kunichukua. Nikiwa na miaka tisa aliniletea kitabu ambacho abiria alikisahau. Jalada halipo. Ndani ni picha za rangi ya maji: miamba, kaa, kombe, wanyama wa kila namna. Ukurasa wa kwanza baba aliandika kwa kalamu: "Austine, Disemba tunaenda wote." Novemba akapunguzwa kazini. Disemba hiyo bado naingoja.

Basi, fomu. Umezaliwa wapi? Kaloleni. Shule? Makadara. Kazi ya kwanza? Majengo, kuchora mlango wa fundi cherehani. Nikaweka simu chini. Nikasoma tena. Pwani kuna Kaloleni! Mombasa kuna Makadara! Mombasa kuna Majengo! Sijaandika hata neno moja la uongo, na ukinisoma mimi ni mtu wa Pwani mtupu. Nilicheka peke yangu mpaka Mama Clare akaja na mwiko kuangalia kama niko salama.

Swali la mwisho lilikuwa: "Tueleze kwa ukweli, umewahi kuona bahari?" Swali la mtego. Nani atampa kazi ya bahari mtu asiyeijua? Nikaandika: "Tangu utotoni, kila siku." Hapo ndipo nilipodanganya, lakini kidogo.

Jumamosi, tarehe 8 Machi

Nimeanza mazoezi ya Upwani. Asubuhi nilijifunga kikoi na kumwambia mke wangu, "Waambaje, yakhe?" Yeye alikuwa anakaanga samaki wake wa kuuza pale getini. Akaniambia yakhe apeleke jivu nje kwanza. Akaongeza kwamba kwetu Asembo kuna ziwa zima, maji ya kunitosha mimi na ukoo wangu, hivyo haelewi ninalia nini na ya chumvi. Nikamwambia ziwa nimelizoea. Mtu hawezi kutamani alichokizoea. Akasema amenisikia. Akageuza samaki kwa nguvu isiyo ya lazima.

Mchana, pigo! Mureithi amelibandua bango langu. Eti niliandika HARAMBE kwa E moja, na alitaka kumwonyesha mchungaji. Sasa ameona tangazo, amelisoma lote, na ametuma fomu! Alikuja kunieleza mwenyewe, meno yote nje. "Buda, mi nimewaambia ukweli. Bahari sijai ona, ata kwa ndoto."

Nilicheka mpaka nikakohoa. Ameandika hivyo kweli! Akaniangalia kwa mshangao, akauliza kama nilisoma yale maandishi ya chini. Nikamjibu sihitaji kufundishwa kusoma na mtu ambaye ng'ombe wake hubweka. Akaenda zake. Nilimhurumia karibu dakika nzima.

Alhamisi, tarehe 13 Machi

Mahojiano. Ofisi iko ghorofani, karibu na mahakama ya Makadara. Nilikwenda na kikoi juu ya suruali, kitabu cha baba kwenye mfuko wa nailoni.

Balaa! Mwenye kuhoji ni Bi Kawsar, mama mtaratibu wa miwani, mzaliwa wa Majengo. Ile nyingine! Akafurahi sana kukutana na jirani. Akauliza kwetu ni upande gani. Nikasema karibu na reli. Akasema reli ni ndefu.

Kisha akaniuliza kama nimewahi kuchora kiti cha pweza. Nikajibu bila kutetereka: vingi sana, kwa sababu mjomba wangu alikuwa seremala. Akauliza vilikuwa vya mti gani. Nikasema mvule, miguu mitatu, na wateja wengi walikuwa wenye hoteli.

Bi Kawsar akaandika kitu. Akageuza kompyuta nione. Picha. Nilitaka kuzama chini ya meza. Samaki nyota! Yule wa ukurasa wa arobaini na moja, mwekundu, mwenye vidole vitano! Namjua kuliko binamu zangu. Nimemchora tangu nikiwa na miaka tisa. Hakuna aliyewahi kuniambia kwamba wenyewe humwita kiti cha pweza.

Hakunicheka. Aliomba kitabu akakifunua polepole. Pembeni mwa kurasa nimechora kwa penseli miaka yote hiyo. Akasema mkono wangu ni mzuri. Akasema wengi wameipenda bahari kupitia vitabu na si aibu. Kisha akavua miwani. "Bwana Obura, nambie kweli. Bahari umeiona?"

Moyo ukasema, sema. Mdomo ukasema bahari ilikuwa nyuma ya nyumba yetu kabisa, na ikijaa tulikuwa tunainua viti.

Akavaa miwani tena. Akanirudishia kitabu kwa mikono miwili. Nadhani nimepita.

Ijumaa, tarehe 21 Machi

Sikupita.

Nimesoma ujumbe mara sita. Wanasema kazi yangu iliwagusa kuliko zote. Wanasema pia kwamba, kama tangazo lilivyoeleza, nafasi ni ya mtu ambaye hajawahi kuiona bahari, ili kitabu kibebe mshangao wake wa kwanza. Atakayekwenda ni Bwana Mureithi.

Nilikimbia hadi ukumbini. Tangazo bado lipo, na madoa ya gundi yangu. Pale chini, kwa herufi nyekundu, kubwa, hata Mureithi angejivunia: KWA ASIYEWAHI KUONA BAHARI. Mimi! Huyo ni mimi! Hakuna mtu Nairobi nzima ambaye hajaiona bahari kama ambavyo mimi sijaiona.

Nikampigia Bi Kawsar, nikakiri yote, reli, seremala, viti. Akasema alijua tangu kwenye mvule. Alivua miwani akanisubiri niseme, nami sikusema. Sasa tiketi ya Mureithi imeshakatwa. Akasema pole, na niliamini kwamba ameumia.

Mama Clare hakunicheka, na hilo lilinitisha. Alinipa samaki mzima, yule wa kuuza, akakaa karibu nami mpaka nikamaliza. Nikamwambia nilitaka kwenda mara moja tu, nisimame pale baba alipokuwa anasimama treni ikifika. Akasema anajua. Amejua tangu nilipomwoa.

Jumatano, tarehe 26 Machi

Mureithi alikuja kuazima kitabu cha baba aende nacho. Nikamnyima. Nikamwambia pia kwamba bahari ina papa wanaopenda sana watu wa Nyeri kama yeye. Alikwenda kununua mafuta ya kujipaka yawafukuze. Siku nzuri kidogo.

Jumatano, tarehe 2 Aprili

Simu, saa nne asubuhi. Mureithi, kutoka Kilifi, anapiga kelele. "Obura! Maji imeenda! Jana ilikuwa hapa, saa hii haiko! Nimeharibu nini?"

Ningeweza kukata. Nilitaka kukata. Nikajikuta nimefungua kitabu magotini. Nikamwambia atulie, hajaharibu kitu, maji yamekupwa tu, yatajaa tena mchana. Atembee taratibu mpaka kwenye miamba. Aangalie visima vidogo vilivyobaki katikati ya mawe. Ainame, asitie kivuli chake majini.

Akasema ameinama. Nikamwuliza anaona nini. Kaa mdogo amebeba nyumba ya mtu mwingine. Ukurasa wa kumi na tisa, nikamwambia. Kitu kama ua, lakini kimejifunga alipokigusa. Ukurasa wa thelathini, na usikiguse tena! Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Buda, kuna kanyota kekundu hapa. Kanatembea."

Nikamwambia hicho ni kiti cha pweza. Nikamwuliza rangi ya maji. Akasema buluu. Buluu gani, wewe? Buluu ya kawaida, akasema. Mungu wangu! Wamempeleka mtu wa buluu ya kawaida!

Mwishowe visima vikaisha. Hakukata simu. Aliiacha juu ya jiwe nisikilize. Ikaja sauti, shaaa, shaaa. Nyuma yangu Mama Clare alikuwa ameanza kukaanga. Nikafumba macho, nikashindwa kujua ipi ni bahari na ipi ni mafuta. Nilisikiliza zote mbili mpaka salio la Mureithi likaisha.

Jumatatu, tarehe 14 Aprili

Mureithi amerudi, mweusi, mnyenyekevu. Hata alibisha hodi. Ameniletea mchoro wake bora. Ni kisima cha maji kati ya mawe, ndani yake kiti cha pweza kinachofanana kabisa na mandazi. Chini ameandika: "Kwa maelezo ya Obura." Nimeuweka kwenye ukurasa wa arobaini na moja. Sitasema niliuangalia mara ngapi.

Lakini leo ni siku kubwa kwa sababu nyingine! Tangazo jipya ukumbini. Ukingo wanatoa kitabu cha pili. Wanataka mchoraji wa kuishi wiki mbili kando ya ziwa, na atakayefanya vizuri atapelekwa Pwani baadaye. Pwani! Chini kulikuwa na mistari zaidi, kitu kuhusu "waliolelewa kando yake", sikukimaliza. Mureithi alikuwa anakuja.

Safari hii sifanyi kosa lile. Hawa watu nimeshawaelewa, wanataka mgeni. Mimi, mjukuu wa Asembo, niliyefundishwa kuogelea na nyanya yangu kabla sijavaa suruali, nimeandika kwenye fomu: "Ziwa? Sijawahi kuliona. Hata samaki wake nawajua sahanini tu." Nimeshaituma. Mama Clare ameuliza kama nilisoma mpaka chini. Nikamwambia mtu akishapata somo lake hahitaji kusoma tena.

Na juu ya tangazo nimebandika bango jipya la harambee, E mbili, Mureithi asipate kisingizio. Gundi ya fundi viatu. Hilo halibanduki hata na mwenye ukumbi.