Kinyume cha Barthélemy

Jumatatu, 6 Oktoba

Jirani Barthélemy ametangaza tena hali ya hewa kwenye WhatsApp ya avenue yetu. Ngurumo leo mchana, eti. Ana barometa ya marehemu baba yake. Watu wanamwita Papa Météo. Mimi, Hervé, wananiita bwana ya Jeanine. Haiwezekani! Nimetuma audio: hakuna mvua. Sababu sina.

Jioni. Hata tone!

Jumanne, 7 Oktoba

Barthélemy: jua. Mimi: mvua ya mawe. Saa tisa mawe yakaanguka, makubwa. Maman Chantal, aliyenisikiliza akaanua nguo, amenisalimu kwa mikono miwili. Jeanine ameuliza ninajuaje. Kipaji, nimemjibu. Kweli ni kwamba ninasema kinyume cha Barthélemy. Basi.

Alhamisi, 9 Oktoba

Maman Euphrasie amekuja. Anamwoza binti yake Colombe Jumamosi. Karamu iwe kwenye parcelle yake, nje uwanjani, au kwenye salle, ukumbi wa parokia? Barthélemy amemshauri salle. Dhoruba kali inakuja, eti. Kwa hiyo nimesema parcelle.

"Papa Hervé, uko na hakika?"

Hata wingu halitapita, nimemwambia. Ameiachilia salle. Jioni nimekula kwa raha.

Ijumaa, 10 Oktoba

Barthélemy anapita nyumba kwa nyumba, anaomba watu wapandishe mawe juu ya mabati, upepo usiyang'oe. Kwangu pia! Jeanine alikuwa tayari amebeba jiwe. Nimemwambia aliweke chini. Mtabiri wa jua aonekane na mawe juu ya nyumba?

Jumamosi, 11 Oktoba

Upepo saa nane. Bache ya karamu, turubai zima, imeruka kuelekea ziwani. Radi imepasua mti wa avoka. Wali umekuwa supu. Wageni wote wamekimbilia kwa Barthélemy, Colombe mbele, pindo la gauni mkononi, analia. Sikujua nitazame wapi. Maman Euphrasie hakunitukana. Amenipa tu sufuria nibebe.

Narudi nyumbani: nusu ya mabati haiko.

Jumapili, 12 Oktoba

Tumelala kwa Barthélemy. Ametupa blanketi na chai. Amegonga barometa yake kwa kidole: wiki nzima kavu, tutapata nafasi ya kupigilia mabati. Mutu muzuri, kwa kweli.

Nimengoja aende misa. Nimetuma audio: ngurumo kila siku, mpaka Ijumaa!

Fundi wa mabati alikuwa aje kesho. Nimemwambia asije.